Chupa ya Machozi ya Theopista

Pale Kibaoni, ukitaka mtu wa kukata vitunguu vya harusi au vya msiba, unamwita Theopista. Mama huyu anauza mchele sokoni, anaimba sauti ya kwanza kwaya ya parokia, na anaweza kukaa mbele ya beseni la vitunguu mpaka beseni likaisha, mashavu makavu, kisu hakipumziki. Wenzake wanakimbilia nje kupenga kamasi, yeye yumo tu. Watu wakasema ni kipaji. Hakuna hata mmoja aliyewahi kumuuliza kama vitunguu vinamuwasha. Vilikuwa vinamuwasha, tena kuliko wengine wote. Ila chozi halikutoka, na watu wanaamini kinachotoka tu.

Mambo yalianza akiwa bibi harusi wa juzi. Alishikwa na malaria, zahanati wakampa vidonge vya salfa, akavimeza vyote kwa mara moja kama alivyoelekezwa, na uji juu yake. Malaria ikaondoka. Ngozi nayo ikataka kuondoka. Ilimbabuka mwili mzima, midomo ikawa vidonda, macho yakavimba yakafumba, na Gabrieli, mumewe, akakaa kando ya kitanda akimpungia nzi kwa fulana yake mpaka fulana ikalegea ikawa kama gauni. Akapona. Ngozi mpya ikaota, nzuri kuliko ya kwanza, na Gabrieli alikuwa akiisifu mbele za watu utadhani ameishona yeye. Macho ndiyo hayakurudi. Yalibaki mekundu, na machozi yakakauka moja kwa moja.

Sasa hebu fikiria mwanamke wa Kipimbwe, kabila letu sisi wa Kibaoni, asiye na machozi. Msiba huku si wa kwenda kusema pole na kukaa. Mwanamke anaanza kulia tangu njiani, anaingia uwanjani akilia, anapokelewa na wanaolia, na wale waliochoka kulia wanakaa pembeni kukagua mashavu ya wageni. Theopista alikuwa analia kwa sauti kushinda wengi, kifua kinapanda na kushuka, lakini uso mkavu. Kwenye msiba wake wa kwanza baada ya kuugua, shangazi mmoja aliyatazama yale macho mekundu makavu, akahama mkeka. Na habari za wanawake wenye macho mekundu huku kwetu sina haja ya kuzieleza. Wapo waliozikwa kwa sababu ya rangi ya macho tu.

Gabrieli ndiye aliyepata ufumbuzi, maana yule bwana alikuwa na akili za pembeni. Sista mmoja muuguzi alikuwa amempa Theopista chupa ndogo ya matone ya kulainisha macho. Basi kila wakienda msibani, kabla ya kona ya mwisho Gabrieli anasimamisha baiskeli, anamwinua mkewe kidevu, anamwambia, "Tazama juu, mama," anamdondoshea. Theopista anaingia msibani mashavu yanang'aa. Matone ya sista yalipokwisha, Gabrieli akawa anaijaza chupa maji yaliyochemshwa na chumvi kidogo, maana, alisema, asije mtu akambusu shavu akashtuka. Kipimo alikijua yeye mwenyewe. Katikati ya msiba utamwona anamwita mkewe nyuma ya nyumba kama mwenye jambo la kifamilia, wanarudi mama wa watu amelowa upya. Wengine wakasifu mapenzi yale. Wengine, mama mkwe wa Theopista akiwa wa kwanza, wakasema hawa wawili hawana adabu, hata msibani hawawezi kuvumilia.

Alipofariki baba yake Gabrieli mwenyewe, Theopista alilia mpaka kitenge kikalowa kifuani. Wazee wa ukoo wakamtolea mfano kwa wake wengine.

Halafu Gabrieli naye akafa. Presha, asubuhi, akifunga mdomo wa gunia la mchele.

Tazama balaa lilivyojipanga. Mtu pekee aliyejua kumdondoshea Theopista machozi ndiye huyo aliye ndani ya jeneza. Alijaribu mwenyewe bafuni, kope zikijifumba kila tone linapokuja, maji yakaingia sikioni. Akajaribu tena, yakaingia puani, akatoka anapiga chafya. Akaitupa chupa chini ya kitanda, akaenda kukaa kwenye mkeka wa mfiwa, akamlilia mumewe kwa koo na kifua na mikono yote miwili. Alimpenda yule mwanaume kupita kiasi, na alimkasirikia pia kwa kumwachia kazi ile peke yake. Uso wake ulikuwa mkavu kama kitabu.

Pengine lingepita. Wajane wengine hupigwa na butwaa, watu wanaelewa. Ila alikuwapo Manyanda.

Manyanda ni Msukuma, mfugaji, alihamia na ng'ombe zake zamani na alikuwa mtani wa Gabrieli. Kazi ya mtani msibani inajulikana: anaiga mwendo wa marehemu, anazuia kaburi lisifukiwe mpaka abembelezwe, na anasema yale ambayo akisema mwingine atapigwa. Siku hiyo alikuwa ameshavaa kofia ya Gabrieli na kubeba gunia tupu, anawapimia waombolezaji mchele wa hewa, watu hoi. Akamgeukia mjane.

"Na huyu macho yake yamekauka kuliko Mto Katuma mwezi wa kumi," akasema. "Shemeji, au ulimmaliza wewe mwenyewe?"

Watu wakacheka. Kisha mmoja akaacha kucheka, akamtazama Theopista usoni. Kisha wa pili. Ule ndio ubaya wa utani wa msibani: kwa kuwa mtani peke yake ndiye mwenye ruhusa ya kusema kweli, hata akisema upuuzi unapokelewa kama kweli. Kofia ya marehemu ikiwa bado kichwani kwake, Manyanda aliona uwanja mzima umenyamaza, na hakujua aweke wapi lile gunia.

Makarius, mdogo wake Gabrieli, hakupoteza muda. Wageni walipotawanyika alikusanya wazee, likatoka neno: mpaka siku ya arobaini, Theopista awe ameleta maelezo ya macho yake, na si ya mdomo, yawe na mhuri. Asipoleta, afunge vyake arudi kwao, kijijini Mamba, na nyumba pamoja na majaruba ya mpunga aliyolima na Gabrieli tangu ujana vibaki kwa ukoo. Hakuna aliyetamka neno uchawi. Hawakuwa na haja nalo, lilikuwa limeshakaa katikati yao kama mjumbe.

Kesho yake Manyanda alikuja akasimama nje ya uzio, mkubwa mzima, anachora ardhi kwa fimbo. Akasema alikuwa anatania. Theopista akamjibu kwamba yeye anajua, ila wao hawajui. Manyanda akafikiri, akasema basi watakwenda wote Mpanda hospitali, yeye ndiye aliyeharibu, yeye ndiye atakayebeba mkoba. Wakapanda basi. Kule ndani ya hifadhi ya wanyama, kabla ya Sitalike, mbung'o waliingia dirishani wakawatafuna abiria bila ubaguzi, basi zima likawa linatokwa machozi, isipokuwa unayemjua.

Hospitali waliyokwenda naliacha jina lake, maana watu wake nawahitaji nikiumwa. Daktari aliyempokea aliitwa Nashon, mtu mpole, mwenye usingizi. Alimuuliza yote, akamwekea kijikaratasi kwenye ukingo wa kope kupima machozi. Kikatoka kikavu kama kilivyoingia. Akaandika kwamba macho ya mama huyu yamekauka kwa sababu ya salfa, akampeleka dirisha la kumbukumbu akapate karatasi yake.

Dirishani alikaa Salvator. Huyu ni mzaliwa wa Mishamo, mtanashati, tai haivui hata wakati wa joto la Oktoba. Kazi yake ni kuchukua yale wanayoandika madaktari na kuyageuza kuwa msimbo, yaani zile herufi na tarakimu ambazo kila ugonjwa duniani umepewa, ili kompyuta iuelewe. Kwa Salvator, ugonjwa usio na msimbo ni uzushi. Anaipenda kazi yake mno, na kama wapenzi wengi, ana haraka.

Akamuuliza Theopista dawa ilimdhuru lini. Theopista akasema alipokuwa bibi harusi. Kompyuta haikuwa na nafasi ya bibi harusi, ikataka tarehe, na Salvator, foleni ikimsukuma, akaipa tarehe ya siku ile. Hata hajamaliza kufuta miwani, wauguzi wakatokea mbio na kitimwendo. Kompyuta imesema kuna mama anadhuriwa na dawa sasa hivi, yuko wapi. Theopista akabebwa juujuu, akalazwa, akatundikiwa dripu. Muuguzi mkuu akamwamrisha kwa ukali aache hiyo dawa mara moja. Theopista akamweleza kwamba ameshaiacha, tangu enzi ana kiuno chembamba. Muuguzi akaandika kwamba mgonjwa ameanza kuchanganyikiwa.

Manyanda akarudi dirishani, mkoba begani, akamwambia Salvator kwamba mwanamke aliyekuja kwa miguu yake sasa amelazwa na amewekewa maji. Salvator akachukia. Akafuta, akatafuta mahali pengine panapohusu dawa na madhara yake, akapata, akabonyeza. Alikuwa ameangukia kwenye sumu.

Sasa mwenye sumu haguswi bila polisi. Akaletwa askari wa zamu, bwana mmoja mwenye mwandiko wa polepole, akavuta kigoda kando ya kitanda. Akauliza mama amekunywa mwenyewe au amenyweshwa. Theopista akasema alipewa na zahanati. Askari akauliza huyu mwanaume mwenye mkoba ni nani. Manyanda, ambaye hajawahi kusema uongo mbele ya sare, akajibu kwamba yeye ni mtani wa marehemu. Marehemu yupi? Mume wa huyu mama. Naye alikufa na nini? Presha. Lini? Juzijuzi. Na nani alisema ni presha? Hapo Manyanda alianza kutoka jasho, na askari aliandika kwa muda mrefu sana bila kuinua kichwa. Theopista alilala akitazama dari. Alikuwa ametoka Kibaoni kujitoa kwenye tuhuma moja ambayo haikutamkwa, na sasa amepata nyingine yenye kalamu na karatasi. Aliogopa kwelikweli, na akamtamani Gabrieli kwa hasira.

Daktari Nashon ndiye aliyeamka. Alifika na ile fomu ya polisi mkononi, akamtoa askari kwa upole, akamwita Salvator hapohapo kitandani. Akamwambia sumu ni mtu akinywa kisichofaa, au kinachofaa kwa namna isiyofaa. Mama huyu alimeza dawa ya haki, kwa kipimo cha haki, kwa ugonjwa aliokuwa nao.

"Sasa niandike kosa gani, daktari?" Salvator akauliza.

"Hana kosa."

"Kompyuta haina mahali pa mtu asiye na kosa."

Lakini jambo lile lilimkera. Mtu anayependa kazi yake akikosea mara mbili siku moja hali chakula. Alirudi chumbani kwake, akashusha kile kitabu kinene, akafungua kurasa za nyuma ambazo hazifunguliwi na mtu, na alipotoka tai ilikuwa imekwenda upande. Akaja mwenyewe mpaka wodini. Akamweleza Theopista kwamba alikuwa anamwandika kama mtu anayeumwa, kumbe ule ugonjwa ulishakwisha siku nyingi. Ugonjwa uliokwisha hauandikwi tena. Kinachoandikwa kwanza ni kilichobaki mwilini, halafu unaandikwa msimbo wa pili wa kusema kimetokana na nini. Na huo wa pili upo, upo kabisa, tangu zamani. Akavaa miwani akausoma kwa sauti ya padri.

"Athari iliyobaki, ya dawa iliyotumika kama inavyotakiwa."

Theopista akamwomba arudie. Salvator akarudia. Tangu ngozi yake ilipobabuka, watu walimuuliza alikula nini, alimkosea nani, alikanyaga nini. Hakuna aliyewahi kumwambia kwamba alifanya kila kitu sawasawa. Alijifunika kitenge akalia mpaka kitanda kikatikisika. Salvator, kwa kutoona chozi, akadhani hajaelewa, akamsomea mara ya tatu.

Wakamruhusu na chupa mpya ya matone, na karatasi yenye mhuri. Kwenye karatasi kompyuta ilitoa misimbo miwili tu, H04.1 na chini yake Y88.0, bila neno hata moja la Kiswahili. Kompyuta iliona inatosha.

Siku ya arobaini ilianza kwa misa, ikafuata chakula, na vitunguu vya siku hiyo alikata mtu mwingine, ovyoovyo. Kisha wazee wakakaa. Karatasi akapewa Josephat, katekista, ambaye zamani alikuwa mwalimu wa shule ya msingi na hajaacha. Aliisogeza mbali, akaileta karibu, akakohoa.

"Haya ni matokeo," akasema.

Theopista akataka kueleza. Akaambiwa anyamaze, matokeo yanasomwa. Josephat akasema H nadhani ni somo la macho, na hapo amepata sifuri nne nukta moja, yaani amefeli, jambo ambalo wote tunaliona. Lakini Y ni somo jingine, na humo amepata themanini na nane. Mzee mmoja akauliza themanini na nane ya ngapi. Josephat akasema ya mia, kwani kuna nyingine? Minong'ono ikapita. Mzee wa pili akasema hajawahi kusikia mtu wa ukoo huu kupata themanini na nane katika jambo lolote. Wa tatu akataka kujua ile sifuri ya mwisho ni ya nini, wakabishana hapo kwa muda, mpaka Josephat akaamua kwamba ile ni idadi ya makosa. Basi mtu ana themanini na nane, makosa sifuri, na mhuri. Mnataka nini tena?

Na kama binadamu wangekuwa na tabia ya kuishia pazuri, kikao kingefungwa. Theopista alishaanza kuvuta pumzi.

Makarius akasimama. Kwa haki, hakuwa mtu mbaya. Alikuwa amefiwa na kaka yake na alitaka pawe na sababu. Akasema karatasi imemfelisha macho, na shemeji mwenyewe anadai hayatoi machozi tangu ujana wake. Lakini msiba wa baba alikuwapo, na kila aliye hapa alikuwapo, na shemeji alilia mpaka kitenge kikalowa. Sasa kimojawapo ni uongo. Ama karatasi, ama yale machozi.

Wazee wakageuka wote. Hata Manyanda, aliyekaa nyuma kabisa kama mtu asiyealikwa, alishusha kichwa.

Theopista angeweza kusema karatasi imekosea, akafunga vyake. Au aseme ukweli, na ukweli ni kwamba Gabrieli, mtoto wao, aliwadanganya msibani kwa baba yake mzazi. Ayaseme hayo siku ya arobaini yake, picha yake ikiwa juu ya meza na ua la plastiki.

"Yale yalikuwa maji," akasema. "Maji na chumvi. Gabrieli alikuwa ananidondoshea, misiba yote, kwa sababu hamkuwa mkiniona nikilia. Nilimlilia baba kweli, maji ndiyo yalikuwa ya chupa. Na sasa nimemlilia Gabrieli tangu asubuhi ile mpaka leo, na hamjaniona, kwa sababu wa kunidondoshea ndiye mliyemzika."

Mama mkwe, bibi mzee aliyekuwa amelala nusu kwenye mkeka, akajiinua kwa kiwiko.

"Kwa hiyo kule nyuma ya nyumba," akasema, "ndiyo mlikuwa mnakwendea hilo?"

"Ndiyo, mama."

"Na mimi miaka yote nasema hamna adabu."

Bibi akacheka, na kile kicheko hakikufika mbali kabla hakijageuka kilio. Akajifuta, akauliza iko wapi hiyo chupa. Theopista akaitoa kwenye fundo la kitenge. Bibi akajaribu mwenyewe, lakini mikono ilikuwa ya uzee, tone la kwanza likaangukia kwenye hereni. Akaiinua chupa juu bila kumtazama mtu.

"Makarius. Njoo umlilishe mke wa kaka yako."

Makarius akaja. Alipiga magoti kwenye mkeka mbele ya watu wote, hakujua aanzie wapi, na mwisho akafanya kama mkono ulivyomtuma, akamwinua kidevu.

"Tazama juu, shemeji," akasema.

Hakuna aliyemfundisha maneno hayo, na sauti za ndugu hufanana. Theopista akatazama juu. Tone lilipoteremka shavuni, wanawake wote waliokuwapo wakaangua kilio kwa pamoja, kama inavyotakiwa mjane akitoa chozi, na Gabrieli akaliliwa upya, uwanja mzima, mpaka Manyanda akawa analia kuliko wafiwa wenyewe. Gabrieli alikuwa na kipimo chake. Makarius hakukijua, tena alikuwa haoni vizuri kwa machozi yake mwenyewe, akaminya mpaka chupa ikaisha.